Shamba la Mfano la Ukame

Ilitangazwa kwa taifa zima, tarumbeta zikipigwa kabla na baada, kwamba tangu siku hiyo hakuna maafa yoyote yatakayotambuliwa kuwa maafa kabla hayajaonekana katika taarifa ya habari ya saa moja jioni. Njaa isiyo na picha itahesabiwa kuwa uvumi. Mafuriko yasiyo na picha yatahesabiwa kuwa mvua. Wananchi waliombwa kutoa ushirikiano, na hasa kuteseka mahali penye mwanga wa kutosha.

Utaratibu huo ulikuwa umechelewa. Zamani machifu waliripoti njaa ovyo ovyo, kila mmoja kwa wakati wake, wengine hata siku za sikukuu. Sasa iliundwa Idara ya Uthibitishaji wa Maafa kwa Picha, ikapewa orofa ya nne katika jengo moja la katikati ya Nairobi, runinga tatu na dirisha moja. Dirisha lilifunikwa kwa pazia zito ili lisishindane na runinga.

Aliyeiongoza ni Bwana Zedekiah Macharia, mtu wa tumbo la kuheshimika na tai iliyonyooka. Alikuwa Kaimu Mkurugenzi, kama alivyokuwa katika idara za awali, na alikuwa amekaimu kwa muda mrefu kiasi kwamba mwanawe wa mwisho aliandika "kaimu" shuleni alipoulizwa kazi ya baba. Usiku aliota neno hilo likidondoka mlangoni kwake kama jino bovu. Na ukombozi ulikuwa karibu, kwa kuwa Mheshimiwa Waziri alikuwa amemshika bega akamwambia, "Macharia, mwaka huu ni wa ukame. Niletee ukame unaoonekana. Ukionekana mpaka ng'ambo, barua ya kukuthibitisha nitakupa kwa mkono wangu mwenyewe, mbele ya kamera."

Basi Bwana Macharia akaanza kuutafuta ukame unaoonekana. Kwa bahati mbaya, wa kwanza kuja ulikuwa wa aina nyingine. Uliletwa na Bi. Syokimau, naibu wa chifu wa kata ndogo ya Ngaatini, mama mrefu aliyevaa sare ya kaki na viatu vilivyobeba vumbi la njia nzima.

"Bwana Mkurugenzi," alisema, "visima vimekauka. Watu wanachimba mchanga wa mto mpaka mtu anazama mzima humo ndani, anatoka na kikombe kimoja cha matope. Shule tumefunga. Watoto hawana nguvu ya kutembea."

"Pole sana, mama. Picha iko?"

"Picha gani?"

"Ya hayo."

"Waandishi hawafiki kwetu. Daraja lilienda na mafuriko ile miaka ya mvua nyingi."

Bwana Macharia alifungua mwongozo wa Idara, kwa kuwa hakuwa mtu wa kubahatisha. "Mafuriko hayo yalionyeshwa?"

"Hayakuonyeshwa."

"Basi daraja liko."

Bi. Syokimau alimtazama kama mtu anayetazama mbuzi aliyepanda juu ya paa.

"Mama, nielewe," Bwana Macharia aliendelea kwa upole. "Kwa mujibu wa mwongozo, ninyi huko Ngaatini mna shida. Shida si maafa. Shida ni jambo la mtu na nyumba yake."

"Na mtu akifa?"

"Huo ni msiba. Msiba una kamati yake, ni majirani."

Mama huyo hakupiga kelele. Alitoka akaketi kwenye benchi la ukumbini, nje ya mlango wa Idara, akakataa kuondoka mjini. Usiku alilala kwa binamu yake, na kila asubuhi Bwana Macharia alipopita na mkoba wake alimkuta pale pale.

"Ngaatini, Bwana Mkurugenzi," angesema, kama mtu anayemkumbusha mwenye duka alichoagiza.

"Picha, mama," angejibiwa.

Sasa, Bwana Macharia alisomea kilimo chuoni, na kuna jambo moja ambalo chuo hicho kilimwachia kwa maisha. Kila mwaka, kwenye maonyesho ya kilimo pale Jamhuri, kila wizara hulima kishamba chake cha mfano: mistari minne ya mahindi, mitatu ya maharagwe na kibao chenye maelezo. Mkulima hufika, huona, huelewa, kisha hununua soda akarudi nyumbani. Hakuna anayelazimika kwenda Kitale ili kujua mahindi ni nini. Kwa nini basi mwandishi wa habari avunjike mgongo kwenye barabara za mbali ili kujua ukame ni nini?

Ndipo Idara ilipofungua, kwenye kona ya nyuma ya uwanja wa maonyesho, Shamba la Mfano la Ukame. Mwandishi angeweza kutoka mjini baada ya chai ya saa nne, akashuhudia maafa, akapita Kenyatta Market kula nyama choma, na bado akawahi kukata picha zake kabla ya saa moja.

Ilidhihirika upesi kwamba ukame unahitaji maji mengi. Udongo wa mfinyanzi, ili upasuke vizuri, ni lazima uloweshwe jioni na kuachwa upigwe na jua. Kwa hiyo lori la tangi, lenye maji tele, liliegeshwa pale daima, katika mwaka ambao jiji zima lilikuwa kwenye mgao na watu wa Jamhuri Estate, ng'ambo ya ua, walioga kwa zamu. Mifupa ya ng'ombe waliokufa kwa kiu iliagizwa kutoka vibanda vya Kenyatta Market, ambako ng'ombe hufa kwa sababu nyingine. Mwandishi mmoja alilalamika kwamba mbavu zilikuwa na chumvi na pilipili. Idara ilipokea lalamiko hilo kwa shukrani, na mbavu zikaoshwa.

Kutoka soko hilo hilo alipatikana Philister, msusi wa nywele, aliyeajiriwa kuwa Mwathiriwa wa Mfano, Daraja la Pili. Aliwashinda wenzake kwenye mahojiano kwa uwezo wake wa kutazama mbali kwa muda mrefu bila kupepesa. Aliyemsimamia ni Becky, Afisa wa Picha wa Idara.

"Becky, leo nalia mara ngapi?" Philister angeuliza, huku akificha simu ndani ya leso.

"Mara mbili tu, dadangu. Moja ya Kiswahili, moja ya Kiingereza."

"Ya Kiingereza nayo ni kulia gani?"

"Unalia bila sauti."

Shamba lilifanikiwa kupita matarajio. Baada ya muda mfupi kila mwananchi aliujua ukame: ni mama mmoja, mbavu tatu, na ufa unaotoka kushoto kwenda kulia. Elimu hiyo ilipenya kiasi kwamba padri mmoja wa kaskazini alipotuma picha alizopiga mwenyewe, za kijiji chake kilichokuwa kikifa kwelikweli, watazamaji walipiga simu studioni kwa hasira. "Hii ni njaa gani?" waliuliza. "Mbona yule mama hayuko? Msitubebe ufala!" Kituo kiliomba radhi.

Hata hivyo, binadamu huchoka. Simu zikaanza kubadilika: "Huyu mama bado ako hapo? Si alipewa unga juzi?" Kisha ikaja habari njema ikiwa imebeba mzigo. Runinga moja ya ng'ambo ilikubali kuja Jumamosi asubuhi, ila ilitaka sura mpya, ikiwezekana mzee. Becky aliagiza mzee kutoka Kenyatta Market. Bwana Macharia aliidhinisha mzee huyo bila kumwona, kama alivyoidhinisha kila kitu pale. Hakuwahi kukanyaga Shamba la Mfano, maana mwongozo, alioutunga mwenyewe, ulimkataza afisa kutazama maafa kwa macho matupu. Alilijua kupitia runinga, na pale shambani hakuna aliyemjua isipokuwa Becky.

Ijumaa jioni alifika kwake Kitisuru akiwa na raha. Mke wake, Wangeci, alimpokea kwenye baraza akiwa ameshika kiuno.

"Baba Jackie, maji imeisha."

"Mgao utaisha Jumanne."

"Jumanne? Na kesho wazee wa kwao kijana wanakuja kuongea mambo ya ndoa ya Jackie! Watu zaidi ya ishirini, choo haina maji, sufuria haina maji. Nitawapikia chai na nini, mate?"

"Wangeci, nchi nzima iko kwenye ukame."

"Si wewe ndiye mwenye huo ukame? Unasimamia kiu ya nchi nzima na hujui maji iko wapi?"

Maneno hayo yalimchoma kwa kuwa hayakuwa ya kweli. Alijua vizuri sana maji yako wapi.

Jumamosi, jua likiwa bado changa, Bwana Macharia alichukua koti la Ogutu, mtunza bustani wake, lililoraruka kiwiko na kunuka mbolea. Alivaa gumbuti na kofia iliyokunjamana. Dereva wa Idara hakuitwa, kwa kuwa dereva ana mdomo. Aliliacha gari la mke wake nyuma ya mabanda ya ng'ombe, akaingia uwanjani kwa miguu na madumu mawili ya buluu, akapiga magoti kwenye bomba la lile lori la tangi.

"Wewe ndiye mzee wa leo?" Sauti ilitoka nyuma yake. Ilikuwa ya Philister. "Mbona umechelewa? Na mbona umekuja na tumbo?"

"Mimi nimekuja maji tu, mama," alinong'ona Bwana Macharia.

"Hiyo ndiyo sauti! Kaa hivyo hivyo, usiinuke. Annah! Mzee amefika!"

Mzee aliyeagizwa, ilijulikana baadaye, alikuwa amepata kazi ya kuchoma mbuzi na hakutaka tena kuwa na njaa. Becky alikuwa njiani akimtafuta. Kwa hiyo hapakuwa na mtu wa kusema neno wakati Annah, mwandishi wa habari wa hapa nchini, alipofika mbio na kipaza sauti, na nyuma yake mzungu wa ile runinga ya ng'ambo aliyebeba kamera begani.

"Mzee wetu, shikamoo. Unatoka wapi?"

Bwana Macharia aliliona swali hilo jinsi mtu anavyoona gari likimjia. Akisema Kitisuru, yeye ni mwizi wa maji ya serikali. Akisema Jamhuri, ukame wote wa taifa utaonekana umetoka uwanja wa maonyesho. Kichwani alitafuta jina la mahali palipokauka. Yeye, mkuu wa maafa yote nchini, alilijua moja tu, lile alilosomewa kila asubuhi kutoka kwenye benchi.

"Ngaatini," alisema.

"Na haya maji unayapeleka wapi, mzee?"

"Nyumbani. Watu wangu hawajaoga." Hilo lilikuwa kweli kabisa, na kwa kuwa alikuwa na hofu ya kufa, machozi yalimtoka. Yalitoka bila sauti. Mzungu alisogea karibu, naye pia akapangusa jicho.

Jioni hiyo wageni wa Jackie walikuwa wameketi sebuleni Kitisuru, mambo yamekwenda vizuri, chai inazunguka. Saa moja kamili mzee mmoja wa upande wa kijana aliomba runinga iongezwe sauti. Uso ulijaa kioo kizima.

"Mzee huyu wa Ngaatini," Annah alisema kwa huzuni, "ametembea safari ndefu kutafuta maji. Tumbo lake, kama mnavyoona, limefura kwa utapiamlo."

Wangeci alilitazama koti. Akayatazama madumu. Akamtazama mume wake. "Baba Jackie," alisema polepole, "huyo mzee ana dumu langu."

"Madumu hufanana," alijibu Bwana Macharia.

"Maskini, watu wanaumia," alisema yule mgeni, akaweka kikombe chake chini. "Na sisi hapa tunakunywa chai." Chai hiyo ilikuwa imepikwa kwa maji ya lile lori.

Kufikia Jumatatu ulimwengu mzima ulikuwa umelia. Becky aliingia ofisini, akafunga mlango, akasimama wima.

"Bosi, mimi sisemi kitu. Lakini hiyo sura ya huyo mzee..."

"Afisa, mwongozo unasemaje?"

"Kilichoonyeshwa saa moja ni kweli, na hakipingwi."

"Basi."

Bwana Macharia akatia sahihi kuthibitisha kwamba mzee ni halisi na Ngaatini ni maafa. Malori ya unga, maharagwe na mafuta yakaamriwa. Alipotoka ukumbini, sauti ya benchi ilimpokea kama kawaida.

"Ngaatini, Bwana Mkurugenzi."

"Imethibitishwa, mama. Malori yanakuja. Wewe utayaongoza njia."

Bi. Syokimau aliinuka taratibu. "Huyo mzee wenu mimi simjui. Na kule namjua kila mtu."

"Mama, unataka chakula au unataka mzee?"

"Nataka chakula."

"Basi unamjua."

Mama alimtazama kwa makini, kuanzia kidevu hadi tumboni. Wakati huo huo simu ililia. Ilikuwa ya Waziri, na Waziri alikuwa akicheka.

"Macharia, umefanya kazi! Ijumaa nakuja Jamhuri. Nitampa huyo mzee gunia la kwanza, halafu nitakupa wewe barua yako. Jukwaa moja, matangazo ya moja kwa moja. Na mzee apatikane, sawa? Bila mzee hakuna sherehe."

Bwana Macharia aliweka simu chini. Becky, aliyekuwa amemfuata ukumbini na kusikia yote, ndiye aliyelisema.

"Bosi, utakuwa wawili."

"Idara imeshafanya makubwa kuliko hayo," alijibu.

Mpango wenyewe ulikuwa wa mtu mpenda utaratibu. Kwanza angepanda jukwaani na koti la Ogutu, apokee gunia akiwa ameinamisha kichwa. Kisha, Waziri akihutubia (na Waziri hakuwahi kuhutubia kwa ufupi), angeteremka nyuma ya malori, avae suti aliyoificha huko, apande tena kuchukua barua. Alifanya mazoezi nyumbani, Wangeci akishika saa.

Ijumaa ilifika na kila kitu kilikwenda kama kilivyopangwa, isipokuwa Waziri. Runinga ya ng'ambo ilikuwa imemwambia kwamba matangazo yangekatwa mapema kupisha mpira. Kwa mara ya kwanza katika utumishi wake alihutubia kwa sentensi mbili. Bwana Macharia alikuwa bado amekumbatia gunia, gumbuti miguuni, aliposikia jina lake.

"Na sasa namwita Kaimu Mkurugenzi, Bwana Zedekiah Macharia, aje nimthibitishe!"

Watu walipiga makofi. Makofi yakaendelea. Yakaanza kupungua.

"Macharia yuko wapi?" Waziri aliuliza, tabasamu likiwa mbele ya kamera na meno yakiwa yamekazana. "Siku kama ya leo mtu anakosa kazini?"

"Mheshimiwa, ni mimi," alisema mzee wa Ngaatini.

"Tulia, mzee wangu."

"Ni mimi! Mimi ndiye Macharia! Mimi ndiye Mkurugenzi!"

Waziri aliigeukia kamera, akamwekea mzee mkono begani. "Ndugu wananchi, tazameni njaa inavyofanya akili ya mtu."

Uwanja mzima uliguna kwa huruma. Philister, aliyesimama karibu akitazama mbali, alimvuta koti. "We mzee, punguza! Hiyo ya kuchizi haikuwa kwa mazoezi. Utatuharibia."

Waziri, akiwa na barua mkononi na muda ukimwishia, alimwona mtu wa kwanza aliyevaa beji ya Idara. Alikuwa Becky. Alimpa barua na mkono, na kwa kuwa tendo hilo lilionyeshwa moja kwa moja, lilikuwa kweli na halikuweza kupingwa. Mkurugenzi mpya alimtazama bosi wake wa zamani. Kisha aliufungua mwongozo, kwa kuwa alikuwa amefundishwa vizuri.

"'Mwathiriwa baada ya kuonyeshwa,'" alisoma, "'arejeshwe kwao kwa heshima, akisindikizwa na msaada.' Mzee apandishwe lori."

Askari wawili walimpandisha juu ya magunia kwa heshima iliyomwacha na michubuko. Alipoita jina la Wangeci, watu walisema maskini, anamlilia marehemu.

Malori yalitoka mjini yakifuatana, Bi. Syokimau akiwa mbele kando ya dereva wa lori la kwanza. Kamera ziliyasindikiza mpaka lami ilipoisha, kisha zikageuza. Kutoka hapo ilikuwa vumbi tupu, na mzee juu ya magunia akirushwa kama punje kwenye ungo, hadi lori liliposimama kwenye ukingo wa mto mpana uliokauka. Ng'ambo, watu wengi walikuwa wameketi ardhini wakisubiri. Hawakuwa wakitazama mbali. Walikuwa wakiyatazama magunia.

"Mama, daraja liko wapi?" dereva aliuliza.

"Muulize huyo mzee," alisema Bi. Syokimau. "Analijua."

Bwana Macharia aliruka chini, akamkimbilia. "Mama Syokimau! Mama, wewe unanijua. Umenisalimia kila asubuhi. Waambie mimi ni Mkurugenzi. Waambie wanirudishe!"

Bi. Syokimau alimtazama kwa utulivu wa mtu aliyekaa sana kwenye benchi.

"Picha iko?"

"Picha gani?"

"Ya hayo."

Bwana Macharia alipapasa mifuko mitupu ya koti. Runinga za dunia nzima zilikuwa na picha yake moja tu, na katika hiyo alikuwa mzee wa Ngaatini.

"Basi una shida, mzee wangu," alisema Bi. Syokimau. "Shida si maafa." Alimpa ishara dereva, na gunia la unga likashushwa taratibu kwenye bega la koti la Ogutu. Mchanga wa mto ulikuwa mwingi, wa moto, na ng'ambo ilikuwa mbali.

"Shika vizuri, lisianguke," mama alimwambia. "Pita kwa daraja."